Themanini kwa Mkuki Mmoja

Mimi kazi yangu ni kushona kofia. Shule sikuenda, darasa nililolijua ni kwa kulipita dirishani nikienda kuogelea. Lakini kuhesabu asinifundishe mtu. Kofia moja ya mkono ina vitobo vingi kuliko nyota za mbinguni, na kila kimoja nimekitoboa kwa sindano nikakizungushia uzi. Nikikosea kimoja tu, ua lote huenda kombo kama punda aliyepakiwa mawe upande mmoja. Basi nikikwambia nilitia mkono mara themanini, jua ni themanini. Mambo mengine ninayosema unaweza kuyapunguza kidogo.

Gemu nilitiliwa kwenye simu na shemeji yangu, kaka yake mke wangu. Yeye ni fundi wa vyombo vya baharini kule Matondoni, mtu wa mikono mikubwa. Akikupa salamu, mkono wako unaupata kesho yake. Alikuja kwetu Amu mjini siku moja kununua misumari, akakaa barazani kwangu akaniona nashona, akasema, "Shemeji, utakufa na mgongo umepinda hivi. Lete simu nikupe starehe."

Starehe yenyewe ni nchi nzima iliyomo ndani ya simu, ina milima, mito na majini. Wewe unakuwa mpiganaji. Mimi nikapewa binti mwenye nywele rangi ya sharbati ya ukwaju, ana upanga unaomzidi urefu. Mke wangu alipomwona mara ya kwanza aliinamia simu akauliza, "Huyu mwana hana wazazi? Na nguo zake zi wapi?"

"Ndizo hizo," nikasema.

"Hizo ni leso za kufutia jasho. Mvishe buibui."

Nikatafuta buibui gemu nzima, halikuwamo.

Sasa katika gemu hii silaha nzuri hununui dukani ukachagua. Kuna sanduku. Unatoa lulu, unatia mkono, sanduku linang'aa, na kile kitakachotoka ndicho chako. Mara nyingi hutoka takataka: upanga wa chuma, fimbo, upinde ambao hata kunguru angeucheka. Mara moja katika mia huko, mwanga hubadilika ukawa dhahabu, na hapo mtu husimama akapiga takbira. Lulu unaweza kuzipata kwa jasho, kwa kuua majini na kubebea vikongwe wa mle ndani barua zao. Au unaweza kuzinunua kwa pesa zako za kweli. Ndia ni hizo mbili. Mimi nilishika ya jasho, kwa sababu mke wangu alikwisha niambia mapema: "Ukitia hata shilingi moja humo ni kamari, na kamari haiingii nyumba hii. Itakuta mlango na mimi nimekaa nyuma yake." Na mke wangu akikaa nyuma ya mlango, hata jeshi litarudi lilikotoka.

Mwaka huo ukaja mkuki. Walioitengeneza gemu huweka silaha moja mpya mbele ya sanduku, wakaipamba, wakasema itakaa wiki tatu halafu inaondoka. Mkuki huo ulikuwa na upepo unaozunguka ncha yake, na ukitupwa unaangusha majini saba kwa mpigo. Shemeji akaupenda vile watu wanavyopenda mtoto wa kwanza. Akawa hazungumzi kingine. Alikuwa na mashua ya kuunda pale ufukweni, mbavu zimesimama, mbao zinangoja, naye amekaa kwenye kivuli cha mbavu hizo anatia mkono kwenye sanduku.

Mimi sikujua jambo limefika wapi mpaka nilipokwenda Shela kupeleka kofia. Kuna bwana mmoja ana nyumba ya wageni pale, aliniagizia kofia. Naingia ukumbini, natazama ukutani, naona tezo imetundikwa juu ya chungu cha maua. Tezo ya kuchongea mbao, mpini wake umeliwa na mkono wa mtu miaka na miaka mpaka umeingia kiuno. Mpini ule niliujua. Ulikuwa wa baba mkwe wangu, Mungu amrehemu, na baada yake ni wa shemeji.

"Hii umeipata wapi, bwana?" nikauliza.

"Fundi mmoja wa Matondoni kaniuzia," akasema, amefurahi. "Wageni wanapenda sana vitu vya kale. Ameniambia ana keke pia, la kutobolea mbao, la baba yake. Nikilipata nitalitundika hapa juu ya meza ya mapokezi."

Nilitoka pale na kofia bado nimeishika. Nilifika nusu ya njia ndipo nikakumbuka kwamba sikumpa.

Nilimwambia mke wangu. Hakupiga kelele, na hilo ndilo lililonitisha. Alikaa kwenye kibao cha mbuzi akakuna nazi mbili ambazo hatukuzihitaji, halafu akasema, "Tezo imekwenda. Keke likienda, kaka yangu si fundi tena. Ni mtu mwenye simu."

Shemeji akaitwa. Akaja siku ya pili, amepanda punda wa mtu, uso umemshuka. Hakukataa. Tezo aliigeuza pesa, pesa akazigeuza lulu, lulu akazitia sandukuni, akapata fimbo nyingi hata angeweza kujenga zizi.

"Sasa nimekaribia," akasema. "Nimekosa sana, shemeji. Aliyekosa sana yuko karibu kupata. Nikiuza keke tu, naupata."

Maneno hayo nisingeweza kuyacheka, maana hata mimi niliyaamini. Ndivyo tulivyolelewa. Samaki wakishushwa ufukweni, hupangwa mafungu juu ya mchanga. Mtu mmoja hugeuka akayapa mafungu mgongo. Mwenzake hugusa fungu akauliza, "Hili la nani?" Yule asiyeona humtaja mtu. Hakuna ugomvi, mgongo hauna macho. Lakini ukiangukiwa na fungu la vichwa na miba leo, watu wanakumbuka. Kesho utaongezwa kidogo, utatajwa mapema. Na ukihama chombo hiki ukaingia kile, zamu yako inakufuata, kwa sababu zamu ni ya mtu, si ya chombo. Sisi sote tumekua tukijua kwamba aliyekosa anadai.

Nikamwambia, "Sikiza, shemeji. Keke usiuze. Mkuki huo nitaupata mimi, kwa lulu za jasho, bila shilingi. Ukiingia kwenye simu yangu, utautumia utakavyo, hata ukilala nao. Nikishindwa mpaka sanduku linafungwa, fanya upendalo."

"Sanduku linafungwa Alkhamisi ya wiki ijayo," akasema. "Yule bwana wa Shela nimemwambia anikute hapa Alkhamisi hiyo, baada ya Alasiri. Siku kumi na moja, shemeji."

"Siku kumi na moja Mungu aliumba mbingu na ardhi, na zikabaki tano."

"Astaghfirullah," akasema mke wangu kutoka jikoni.

Mimi nilikuwa tajiri, ndiyo siri yangu. Kwa vile sikununua lulu hata moja, kila niliyoipata niliiona kama jino langu. Nilikuwa nimezilimbika za kutia mkono mara hamsini. Na kabla ya hapo, nilipoanza kucheza, nilikwisha tia mara thelathini kwenye sanduku la wapiganaji nikitafuta mwanamume wa kumsindikiza yule binti asitembee peke yake. Zote nilizihesabu kwa njia yangu. Nilichukua kipande cha kitambaa cha kofia, kila nikitia mkono natoboa kitobo kimoja. Shemeji alikuwa amenieleza kitu kimoja cha haki kilichomo: ukitia mkono mara themanini bila dhahabu, sanduku lenyewe linalazimika kukupa dhahabu. Thelathini na hamsini ni themanini. Hata yule asiyesoma anaijua hiyo.

Basi Jumapili iliyofuata nikawaita watu. Hilo ni kosa langu la kuzaliwa, siwezi kula embe bila kuita mashahidi. Baraza ilijaa mpaka paka walikosa pa kukaa. Nikatia mkono. Upanga wa chuma. Kitobo. Fimbo. Kitobo. Upanga wa chuma tena. Watu wakaanza kuhesabu kwa sauti kama wanaopakua saruji bandarini. Sabini na saba! Sabini na nane! Sabini na tisa!

Nikasimama. Nikavua kofia nikaivaa tena. Nikasema, "Wenye moyo mdogo wageuke."

Nikatia mkono wa themanini.

Upinde wa mbao.

Kilichofuata sitakisimulia chote. Muuza kahawa alicheka mpaka akaweka birika chini. Mmoja akasema, "Bwana, mpelekee mkeo, awashie moto!" Shemeji hakucheka. Alitazama chini, na mkono wake mmoja ulikuwa unapapasa paja lake kama mtu anayetafuta kitu mfukoni, na mimi nikajua anafikiria keke.

Jirani yetu ni mwalimu wa kike, anasomesha pale Amu, mtu wa miwani na maneno machache. Alikuwa amesikia kelele kutoka kwake. Mke wangu akamwita. "Bi mwalimu, ndoo hapa utusomee. Hawa wanaume wametia mkono kwenye shimo wasilojua lina nini."

Bi mwalimu akachukua simu, akabonyeza pale pembeni kwenye alama ndogo ambayo mimi nilidhani ni kovu la kioo. Yakatoka maandishi, madogo kama mayai ya chawa, marefu kama hotuba ya harusi. Akasoma muda mrefu. Halafu akauliza, "Hizi themanini zote ulizitia sanduku hili hili?"

"Thelathini kule kwa wapiganaji, hamsini hapa."

"Basi hapa una hamsini. Kila sanduku lina hesabu yake. Hesabu ya kule haiji huku."

"Lakini mtu ni mmoja! Zamu ni yangu!"

"Zamu si yako, Bwana. Zamu ni ya sanduku."

Nilikaa chini. Nakwambia kweli, na hapa sizidishi: nimeshona kofia miaka mingi, sijawahi kufumua kazi kubwa kama ile niliyofumua kichwani mwangu dakika hiyo.

Akaendelea. Akasema kabla ya kufika themanini, sanduku halikumbuki kitu. Akatuonyesha kwa gunia la tende lililokuwa mlangoni kwa jirani mwingine. "Fikiria humu mna tende nyeusi tupu, na moja ya dhahabu. Unatia mkono, unatoa moja, unaitazama, halafu inarudishwa humo humo, gunia linatikiswa. Hata ukikosa mara arubaini, gunia ni lile lile. Halijui kwamba umekosa. Halikuonei huruma wala halikuonei choyo." Kitu pekee kinachokumbuka ni ile hesabu ya themanini, na yenyewe imewekwa ili watu wasikate tamaa wakaondoka. Na akatupa la mwisho, huku amevua miwani: hata dhahabu ikija, kuna shilingi inayorushwa. Upande mmoja ni mkuki, upande wa pili ni silaha nyingine yoyote ya dhahabu, na hapo dhahabu ifuatayo ndiyo huwa mkuki.

Shemeji akasogea karibu na simu. Akauliza polepole, "Bi mwalimu, na mimi niliyetia kidogo sanduku hili, kidogo lile, kidogo la tatu, ili nione lipi lina bahati?"

Bi mwalimu alimtazama. "Basi hukukaribia popote, bwana."

Mtu mwingine angeacha hapo. Mimi nilikuwa nimekwisha sema mbele ya baraza nzima, na mbele ya mke wangu, na keke lilikuwa bado halijauzwa. Nilihitaji mara thelathini nyingine, na lulu sikuwa nazo hata ya kumpa kuku. Siku zimebaki nne, Jumatatu mpaka Alkhamisi.

Basi nikafanya kazi. Nikisali Alfajiri, nachukua simu. Nimebeba barua za kila kikongwe katika nchi ile. Nimewapikia supu walinzi. Nimetafuta paka wa mwanamke mmoja juu ya mapaa matatu, na mimi hapa Amu nina paka wengi ninaowafukuza. Nimepanda mlima mmoja ulio mrefu hivi kwamba nikishuka nilikuwa nimeota ndevu. Chini ya kila jiwe kulikuwa na lulu tano, kumi, na nilizichukua zote kama bibi anayeokota punje za mchele. Kofia ya yule bwana wa Shela ilinitazama kutoka juu ya mto wa kulalia, nikaigeuza. Mke wangu alinipikia, akaniletea chai, akasimama nyuma yangu akatazama. Siku ya pili akaninyoshea kidole kwenye kioo: "Pale tini ya daraja, chini kabisa, kuna kinachong'aa, hukukiona." Siku ya tatu aliuliza, "Yule jini mkubwa hatumwendei?" Nikasema hatumwezi. Akasema, "Mwendee kwa nyuma, mbona mwajikokota!" Tukamwendea kwa nyuma. Lulu mia mbili.

Alkhamisi, baada ya Adhuhuri, nilikuwa na lulu za mara thelathini kamili, hazizidi hata moja. Safari hii sikumwita mtu. Wakaja wenyewe. Shemeji naye akaja kutoka Matondoni, ana keke amelifunga ndani ya kikoi, akaliweka kwenye mapaja yake. Uta wake, ule upinde wa kulizungusha, ulikuwa umetokeza nje ya nguo, na kamba yake nyeusi kwa mafuta ya miaka.

Nikatia mkono. Nilitoboa kitambaa kimya kimya. Hamsini na moja. Hamsini na tano. Takataka ilikuja kwa safu kama wanafunzi wanaotoka chuoni. Sitini na nane, watu walikuwa wameacha kuhesabu. Sabini na tisa, fimbo. Mke wangu alikuwa ameshika mlango kwa mikono miwili.

Themanini. Mwanga ukawa dhahabu.

Baraza ikanyanyuka yote. Muuza kahawa alikumbatia nguzo. Dhahabu ikazunguka, ikazunguka, ikapasuka, na ndani yake likatoka shoka.

Shoka zuri sana, sitalisingizia. Lilikuwa na vito kwenye mpini. Lakini lilikuwa shoka.

Hakuna aliyecheka. Nilitaka mtu acheke. Shemeji alikitazama kioo, akasema, "Shilingi imeanguka upande wa pili."

"Ya pili ni lazima iwe mkuki," nikasema haraka. "Bi mwalimu amesoma. Ukipoteza shilingi mara moja, dhahabu inayofuata ni mkuki wenyewe."

"Baada ya ngapi?"

"Huenda themanini."

"Na sanduku linafungwa?"

"Magharibi."

Na wakati huo huo yule bwana wa Shela akatokea kichochoroni, shati jeupe, bahasha mkononi. Akatoa salamu akakaa. "Haya, fundi. Tulione."

Shemeji alifungua kikoi. Mimi nikakikunja kile kitambaa cha vitobo nikakikalia. Yule bwana akalitazama keke, akasema "Maashallah," akafungua bahasha.

Shemeji hakumpa. Alitazama huku na huku, akakiona kile kibao cha mbuzi cha dada yake kimeegemezwa mlangoni. Akakivuta, akakilaza, akakikanyaga kwa mguu, akasimamisha ncha ya keke juu ya ubao, akashika uta. Akavuta na kurudisha, akavuta na kurudisha. Vumbi la mbao likatoka jekundu. Kwa pumzi nane au tisa, kitobo kikatokea upande wa pili, duara safi, jua linapita.

"Kibao changu!" mke wangu akapiga kelele. "Mwendawazimu we, nazi ntakunia wapi?"

Shemeji akapuliza vumbi. "Mara moya," akasema. "Nimetia mara moya." Akasogeza ncha pembeni, akavuta tena, kitobo cha pili. "Mara mbili, viwili."

"Ukitoboa cha tatu nitakukuna wewe!" akasema dada yake, lakini alikuwa analia na kucheka pamoja.

Yule bwana wa Shela alikuwa bado ameshika bahasha wazi. "Sasa, fundi, bei tuliyosema..."

"Haliuzwi, bwana. Samahani nimekutembeza." Akalifunga tena ndani ya kikoi, akafunga mafundo mawili. "Na ile tezo usiitie msumari mwingine. Naitaka."

"Nimekwisha ilipia."

"Najua. Ukumbini mwako mna viti vya plastiki, nimeviona. Nitakuundia kitanda cha kamba cha kukalia wageni, miguu ya kuchonga, mbao zangu, kazi yangu. Tezo inarudi."

Yule bwana akafikiri. Alikuwa mtu wa biashara, uso wake ulihesabu. "Bila tezo utachongaje?"

"Nitaazima. Kwa aibu, lakini nitaazima."

Wakapeana mikono, na bwana wa Shela akautazama mkono wake baadaye, akaukunja na kuukunjua.

Kitanda kilichukua wiki tano, na kilipofika Shela tezo ikashuka ukutani. Mimi nilifunga safari ya Matondoni mara mbili kwenda kumshikia mbao, nikapigwa na jua mpaka nikawa mweusi kuliko kivuli changu. Simu yake aliiacha nyumbani kwangu wiki zote hizo, imezimwa, ndani ya kabati la mke wangu. Ilimpa tabu. Siku za mwanzo mikono yake ilikuwa inaitafuta, nikimwona. Akiitafuta, anachukua keke.